Mwanafunzi wa Jioni

9 Februari

Mdogo wangu,

Nakuandikia nikiwa nimekaa juu ya sanduku la mavazi nyuma ya jukwaa, nikisubiri mafundi wamalize kugombana na taa. Hamjambo nyote? Wifi yangu mzima? Na huyo binti yako, bado anahoji watu kama hakimu? Mama naye goti linaendeleaje? Ile dawa ya kuchua niliyomtumia si ya kupangwa kabatini pamoja na vikombe vya wageni. Msimamie aipake.

Mimi sijambo, ila situlii. Asubuhi niko chuoni nafundisha sauti: watu wazima wanalala chali sakafuni, mkono tumboni, wanajifunza kuvuta pumzi kama waliozaliwa jana. Mchana nakimbilia huku ukumbini kwa mazoezi. Safari hii nimepewa sehemu kubwa, mama mwenye nyumba mkorofi anayewatoa wapangaji wake, na mwongozaji wetu ni mtu wa kuona kosa hata kwenye kikohozi. Jioni wanakuja nyumbani wanafunzi wangu wa binafsi. Nakula nimesimama. Juzi nilimwambia muuza mkate, "Rudia, hujafika mstari wa nyuma," akanirudishia chenji bila kunitazama.

Kuna mwanafunzi mpya wa jioni, mkurugenzi wa kampuni fulani. Anakuja na gari jeusi, dereva anabaki nje. Anasoma hotuba kama mtu anayesoma maelezo kwenye chupa ya dawa. Nimembatiza Karatasi, mwenyewe hajui. "Nataka watu waniamini," aliniambia siku ya kwanza. Nikamwambia tuanze na kusimama vizuri.

Kilichonifanya nishike kalamu ni hiki. Nilipopiga simu pale duka la dawa Jumapili, nilikusikia ukisema "Eh? Eh?" mpaka muuza dawa akakunyang'anya simu akaniambia, "Dada, huyu hasikii." Ni simu, au ni masikio? Usinizungushe.

Dada yako

*

27 Februari

Dada,

Salamu zako zimefika na kila mtu amepewa fungu lake. Mama anapaka dawa, ila analalamika kwamba inanuka kama gereji. Binti meno ya mbele yamemtoka, maneno yanatoka na upepo. Ungekuwa hapa ungepata mwanafunzi wa bure. Mke wangu anasema ukija uje na zile nguo za jukwaani mlizozichoka.

Ni masikio. Basi, nimeshasema. Daktari wa kiwanda alinimulika kwa kurunzi akauliza, "Unafanya idara gani?" Nikamwambia ya kufuma. Akazima kurunzi. Wote wa idara ya kufuma tuko hivyo hivyo. Kazini tunaongea kwa macho na midomo, nyumbani tunaambiwa tunapayuka. Sauti nene nazipata nusu nusu, nyembamba zinapita juu kwa juu. Simu ndiyo imekufa kabisa kwangu. Kwa hiyo andika, na usinihurumie.

Kiwandani mambo hayajakaa sawa. Walikuja watu wenye suti wakapima mashine za safu ya mwisho kwa futi, urefu na upana, halafu wakaupima na mlango mkubwa. Mwenyekiti wa chama chetu cha wafanyakazi anasema ni ukaguzi wa kawaida. Miaka yote niliyokaa pale sijaona mkaguzi anayepima mlango.

Mama anauliza ni lini utapata kazi moja ukae nayo. Nimemwambia hilo tukuachie mwenyewe.

Mdogo wako

*

18 Machi

Mdogo wangu,

Sikuhurumii, kwa kuwa umekataa. Ila kila nikifika kwenye ile sentensi ya masikio naikunja barua, naiweka, naichukua tena. Umekaa na jambo hilo tangu lini? Usinijibu kama hutaki. Mbusu binti kwenye pengo lake, na Mama mwambie gereji inaponya.

Tunafungua pazia mwezi ujao, na hilo pazia lenyewe ni jipya. Ukumbi umepata mfadhili, ambaye si mwingine ila kampuni ya Karatasi. Wametoa pazia na taa. Mkuu wa ukumbi akikutana nami kwenye ngazi ananipa mkono kana kwamba nimelishona mimi.

Na Karatasi mwenyewe amekuwa mtu. Nimemfundisha kile nilichokuwa nikifanya uani kwetu nilipokuwa nawakusanya watoto wa jirani niwasomee: weka miguu, shusha mabega, vuta pumzi mpaka mbavu za chini zifunguke, mtafute mtu mmoja mstari wa tatu, mtazame, ndipo useme. Neno zito lije mwisho, na lisemwe kwa sauti ya chini. Alileta hotuba ambayo majina yote yamefutwa kwa wino mweusi. "Ndugu zangu, hakuna atakayeachwa." Sentensi hiyo moja tuliirudia jioni nzima. Mara ya mwisho alipoisema nywele zilinisimama. Sijawahi kuwa na mwanafunzi aliyegeuka haraka hivyo, na siwezi kuficha, nimejivuna. Nilipopanda kitandani bado nilikuwa naisema.

Njooni mnione. Nitawawekea viti vya mbele, ambako hata usiposikia utaona.

Dada yako

*

11 Aprili

Dada,

Huku wazima. Viti vya mbele tumevishukuru lakini goti la Mama haliwezi safari, na mimi kwa sasa siwezi kuomba ruhusa. Utaelewa.

Jumatano mashine zote zilizimwa katikati ya zamu. Sisi tusiosikia tunaujua ukimya huo kwa nyayo, sakafu inaacha kutetemeka. Tukatolewa uani. Mkurugenzi mkuu alikuja mwenyewe, mtu ambaye tulikuwa tunamjua kwa picha iliyo ofisi ya mishahara. Akapanda pale mahali pa kupakilia mizigo.

Nilikuwa mbali. Sikusikia kitu, kwa hiyo nilimtazama tu. Aliweka miguu. Akashusha mabega. Akavuta pumzi mpaka koti likaachana kifuani. Halafu akamtafuta mtu mstari wa tatu, akampata fundi wetu wa mitambo, akamkazia macho, na kabla hajafungua mdomo mimi nilikuwa nimeshajua ataufungua lini. Nilikuona wewe, Dada, umesimama juu ya beseni uani kwetu. Nilicheka peke yangu mpaka jirani akanipiga kiwiko.

Fundi alinieleza baadaye. Kiwanda kinafungwa kwa muda, mashine mpya zinakuja, kila mtu asaini karatasi ya likizo bila mshahara kisha atarudishwa kazini kwake. Akina mama wa idara ya rangi walilia, watu wakapiga makofi. Neno lake la mwisho lilikuwa kwamba hakuna atakayeachwa. Hapo sitaandika zaidi.

Labda walimu wenu wote hufundisha namna moja. Mimi si mjuzi wa mambo hayo. Tuna mpaka mwisho wa mwezi kusaini.

Onyesho lako liende vizuri.

Mdogo wako

*

26 Aprili

Mdogo wangu,

Hamjambo? Mimi sijambo. Tumefungua Jumamosi. Watu walijaa mpaka kwenye ngazi. Yule mama mwenye nyumba ninayemwigiza alizomewa vizuri sana, na alipolia mwishoni wakanyamaza, kama mwongozaji alivyotaka. Nimepewa maua. Sijui niyaweke wapi, nyumba yangu ina glasi mbili. Chuoni mitihani imekaribia, wanafunzi wanangurumisha sauti zao kwenye korido nzima. Mvua imenyesha. Viatu vyangu vya kahawia vimeachia soli.

Usisaini. Waambie na wenzako wasubiri. Usiniulize kwa nini.

Nilitaka nikupelekee simu ya maandishi. Nilifika mpaka dirishani posta, nikamsikia karani anavyohesabu maneno ya watu kwa kuyasoma kwa sauti, na nyuma yangu kulikuwa na foleni. Nikageuka.

Dada yako

*

20 Mei

Dada,

Mama mzima, binti mzima, mke wangu mzima. Hayo yametosha.

Nilisaini Ijumaa ile ya mwisho wa Aprili. Barua yako ikafika Jumatatu. Wiki iliyofuata lango likafungwa kwa mnyororo, na baada ya hapo yakaja malori. Tulisimama nje ya uzio tukitazama mashine zetu zinatolewa kwa ule mlango walioupima. Yangu niliijua kwa kitambaa chekundu nilichokuwa nimekifunga kwenye mkono wake. Hakuna mashine mpya. Mwenyekiti wetu wa chama amepewa ofisi makao makuu, tena amehama na familia.

Unajua kwa nini nilisaini? Wenzangu walisaini kwa sababu ya sauti ya yule mtu. Mimi sauti sikuisikia. Nilisaini kwa sababu nilikuona wewe ndani yake. Nikajiambia, kama Dada amekaa na mtu huyu jioni zote hizo, angekuwa mwongo angeshamgundua.

Uliniandikia nisisaini. Ulijuaje? Na ulijua lini?

Mama hajui kitu. Kila asubuhi natoka na chombo changu cha chakula. Barua hii naiandikia kwenye benchi la posta, na nikimaliza nitazunguka mjini mpaka muda wa zamu uishe. Nimeshazijua barabara zote, hata zile zisizokwenda mahali.

Wenzangu wameamua kwenda baraza la usuluhishi kuhusu ile karatasi. Wamenichagua mimi nizungumze. Nikawaambia mimi ninayepayuka? Fundi akaniandikia kiganjani kwa kalamu: MASIKIO YAKO YULE HAKUYANUNUA. Sijui nicheke au nikatae.

Nijibu.

Mdogo wako

*

31 Mei

Mdogo wangu,

Salamu zangu kwenu wote. Kwa mara ya kwanza sina habari ndogo ndogo za kuanzia.

Mpaka uliponiandikia habari za pale uani, sikujua Karatasi ni mtu wa kiwanda chenu. Majina yalifutwa, nami sikuuliza. Niliona kuuliza si kazi yangu. Nilipofika pale uliposema mstari wa tatu, nilikaa chini.

Jioni ileile alikuja na hotuba nyingine, hii ya kuwasomea wenye hisa. Safari hii hakufuta kitu. Ilisema mashine zote zimeshapata mnunuzi tangu Januari, na wafanyakazi wamepokea kwa utulivu. Nikamuuliza, "Na wale uliowaambia hawataachwa?" Akacheka kwa upole, kicheko ambacho hata hicho nilikitengeneza mimi. Akasema, "Mwalimu, si wewe uliyeniambia niseme kana kwamba naamini?"

Sikumtoa nje. Niliendelea na somo. Nilimrekebisha pumzi, nikamwambia kidevu kisipande, mpaka saa ikaisha, kwa sababu nilikuwa nafungua onyesho Jumamosi chini ya taa zake, na kwa sababu mdomo ulikuwa umeshazoea. Kesho yake nikaenda posta, nikarudi, nikakaa siku kadhaa na kalamu, ndipo nikakuandikia ile barua ya viatu. Sasa umejua. Wiki iliyopita Karatasi alibisha hodi. Nilikaa jikoni na taa imezimwa mpaka gari likaondoka.

Kuhusu baraza. Kubali. Na nisikilize, hili ndilo ninalolijua.

Huwezi kujisikia, basi usijisikilize. Weka kiganja kifuani useme jina lako. Mfupa utatetemeka. Ukiona mtetemo umepanda kooni, unapayuka. Ukibaki kifuani, sauti inatosha chumba kizima. Mweke wifi yangu mlangoni na taulo: akiliinua ongeza, akilishusha punguza. Sema sentensi fupi, funga mdomo, vuta pumzi kwa pua, ndipo nyingine. Usikimbie. Watu wanaoogopa hukimbia ili wamalize. Na usitafute mtu wa mstari wa tatu. Mtazame aliyekuuliza, basi.

Mwambie Mama ukweli. Unachosha viatu bure.

Dada yako

*

22 Juni

Dada,

Nimekaa na barua yako muda mrefu kabla ya kujibu. Kuna siku niliichana kichwani, kuna siku niliisoma tena. Bado sijui nimefika wapi nayo, ila mazoezi nimeanza, kwa hiyo ni hivyo.

Taulo lilitaka kuvunja nyumba. Mke wangu mkono ukimchoka anaushusha, nami napunguza sauti, naye anaona nimepunguza, anainua kwa hasira, napayuka, mtoto wa jirani anaamka. Mwishowe alimpa binti kazi hiyo. Binti anakaa juu ya kabati la viatu na taulo lake kama askari wa barabarani, na hana huruma hata kidogo. Kiganja kifuani kimenisaidia. Sikujua kwamba nina sauti ndani ya mfupa. Siku ya kwanza niliyoipata nilirudia jina langu mpaka nikaona haya.

Mama nimemwambia. Alinisikiliza mpaka mwisho, akaniuliza kama nimekula. Halafu akaenda chumbani akafunga mlango.

Tarehe imetoka, ni 11 Julai asubuhi, na baraza linakaa huku kwetu kwenye ukumbi wa manispaa. Anayetusaidia kesi anasema ugumu uko mahali pamoja. Kampuni inadai uamuzi wa kuuza mashine ulikuja baada ya sisi kusaini, kwamba siku ile mkurugenzi alisema alichokiamini. Hatuna mtu wa kusema vingine. Akaniuliza kama namfahamu yeyote.

Nikamwambia nitafikiri.

Sikuombi kitu. Najua tarehe hiyo mna onyesho, niliona kwenye gazeti la zamani huko kwa kinyozi, picha yako ikiwa chini ya jina la kampuni.

Mdogo wako

*

3 Julai

Mdogo wangu,

Salamu. Binti apandishwe cheo.

Mkuu wa ukumbi aliniita. Alinikaribisha kiti, jambo ambalo hajawahi kulifanya. Akasema amesikia kuna maneno, na kwamba mwalimu wa sauti ni kama daktari, ya chumbani hayatoki nje. Halafu akanionyesha ratiba ya mwakani, jina langu likiwa juu kila mahali, imeandikwa kwa penseli nyepesi. Alizungumza vizuri sana. Mabega yalikuwa juu, lakini vizuri.

Chuoni nako mkuu ameniuliza kama nina mpango wa kusafiri wakati wa mitihani. Nani amemwambia, sijui.

Silali vizuri. Natembea chumbani mpaka mpangaji wa chini anagonga dari kwa ufagio. Jukwaani jana nilisahau mstari ambao nimeusema kila jioni tangu Aprili, na nikasimama pale nikiwatazama watu gizani, mwenzangu akanifichia aibu.

Tarehe 11 nina onyesho jioni. Usinisubiri kituoni. Mpe Mama mkono.

Dada yako

*

16 Agosti

Dada,

Sote wazima. Mama anatembea mpaka sokoni bila fimbo na anawaambia watu ni dawa ya gereji.

Uamuzi umetoka jana. Baraza limeitupa ile karatasi ya likizo. Limesema tulidanganywa, kwamba tulifukuzwa kazi, na tulipwe kama watu waliofukuzwa, kila mmoja kwa miaka yake. Kiwanda hakirudi. Watu walishangilia nje halafu wakasimama tu, hakuna aliyejua aelekee wapi. Mimi na fundi tumepanga chumba, tutatengeneza cherehani. Hazina kelele nyingi.

Sasa ngoja nikuambie nilivyoiona ile siku, kwa sababu uliingia na kutoka kama upepo, ukanishika bega ukakimbilia basi, na mimi nimebaki na mwezi mzima wa maswali.

Niliitwa kwanza. Kiganja kifuani, sentensi fupi. Nilimtazama mwenyekiti wa baraza, mama mmoja mwembamba mwenye miwani. Nilisema tulivyosimama uani, tulivyosaini, malori yalivyokuja. Sikujua kama nasikika. Binti hakuruhusiwa kuingia na taulo. Lakini yule mama alikuwa anaandika, na kila nilipotua, kalamu yake nayo ilitua, nikajua tunakwenda pamoja. 

Ndipo mlango ukafunguka. Ulikuwa umelivaa lile gauni la kijivu, na kiatu kimoja kimefungwa kwa kamba. Mke wangu alinibana mkono mpaka kucha zikaingia. Karatasi alikuwa amekaa mbele na watu wake. Alipokuona alishusha mabega. Nadhani hakujua kwamba ameyashusha.

Uliapa. Ulieleza. Hayo niliyapata kwenye midomo yako, neno kwa neno, mpaka ile habari ya Januari, na nikaona mwenyekiti ameacha kuandika akakutazama. Halafu wakili wa kampuni akasimama na kukuziba kabisa. Mtu mwenye mgongo kama mlango. Nikabaki nauona mkono wako tu, umeshika ubao wa kizimba. Watu wakacheka. Wakili akasema kitu tena. Mkono ukaushika ubao kwa nguvu. Halafu watu hawakucheka tena, na wakili akakaa.

Ulimjibu nini? Nimeuliza kila mtu na kila mtu ana lake. Fundi anasema ulimwambia wakili anunue tikiti. Akina mama wa idara ya rangi wanasema ulimlaani. Mke wangu akianza kunieleza analia, na mtu anayelia midomo yake haisomeki.

Rudi nyumbani kidogo upumzike. Chumba chako kina cherehani tatu lakini tutazitoa.

Yale mengine yaliyokuwa baina yetu, sijui yamekwenda wapi. Sijayaona siku nyingi.

Mdogo wako

*

30 Agosti

Mdogo wangu,

Nimeisoma barua yako nikiwa nimesimama kwenye ngazi za chuo, nikachelewa darasani, na wanafunzi wakanisubiri wamelala chali kama nilivyowazoesha. Wape wote salamu zangu. Hongereni kwa chumba. Mama asiitupe fimbo, magoti ni vigeugeu.

Ile jioni ya tarehe 11 sikuwahi. Basi liliharibika njiani. Nilipoingia kwa mlango wa nyuma pazia lilikuwa limeshafunguliwa, na mwenzangu kijana alikuwa jukwaani ndani ya vazi langu, akiwatoa wapangaji. Nilisimama kwenye giza la pembeni nikamtazama mpaka mwisho. Alikuwa mzuri. Alivuta pumzi mahali pangu. Hakuna aliyenifukuza kwa mdomo, ila ratiba ya mwakani ilipotoka kwa wino, sikuwemo. Mkuu wa ukumbi siku hizi hupanda ngazi za upande wa pili.

Chuoni wameniacha niendelee, kwa shingo upande. Wanafunzi wa jioni wamepungua, kwa sababu sasa nawauliza watakayoyasema watamwambia nani na kama ni kweli. Mmoja aliinuka akachukua koti lake. Waliobaki tunaendelea. Kuna kundi dogo la vijana wanaofanyia mchezo kwenye bohari la zamani la sabuni, wameniomba niigize bibi mwenye mistari michache sana. Nimekubali. Sitaweza kuja kukaa, unanijua. Ninakaa siku mbili halafu natafuta mlango. Lakini nitakuja kabla ya mwaka kuisha, na zile cherehani ziache hapo hapo.

Sasa swali lako.

Wakili aliniuliza, "Wewe kazi yako ni kuigiza, sivyo?" Nikasema ndiyo, na kufundisha. Akasema, "Nimesikia unalia kila jioni pale ukumbini. Ni machozi ya kweli?" Nikamjibu kwamba maji ni ya kweli. Hapo ndipo walicheka. Akawageukia watu, akasubiri wanyamaze. Anajua kusubiri huyo mtu. Halafu akasema, "Basi tuambie, baraza hili litajuaje kwamba hata sasa huigizi?"

Kila kitu kikaniacha. Pumzi ilipanda juu kifuani, mabega yakainuka, kidevu kikapanda, yote ninayowakataza wanafunzi. Kama ningekuwa mwalimu wangu ningejisimamisha. Nilishika ule ubao uliouona nimeushika.

Nikasema, "Wanaokuja kunitazama wameambiwa mlangoni kwamba ni mchezo. Wanakaa gizani wakijua taa zitawaka na kila mtu atarudi kwake. Wale waliosimama uani, hakuna aliyewaambia."

Nilisema kwa sauti ndogo mno. Haikufika popote. Mwenyekiti aliinama mbele, akaweka mkono nyuma ya sikio, akasema, "Shahidi, hatujakusikia."

Nikarudia.

Dada yako